Wimbo Unaosimulia: Joseph Kyagambiddwa, Mashahidi wa Uganda na Kwaya Zetu za Mpanda

1. Utangulizi

Makala haya yanakusudia kuipima kazi moja kubwa ya muziki wa Kikristo iliyotungwa na mwana wa Afrika Mashariki, yaani oratorio ya Mashahidi wa Uganda ya Joseph Kyagambiddwa, na kisha kuuliza kazi hiyo inatudai nini sisi tunaohudumu katika sharika za Mpanda na mkoa wa Katavi kwa jumla. Huenda msomaji akashangaa. Kyagambiddwa alikuwa Mkatoliki wa Buganda, aliandika kwa Kiganda, na kazi yake iliimbwa Roma mbele ya Kanisa ambalo si letu. Mpanda nayo ni mji wa mwisho wa reli, usio na jumba la opera wala chuo cha muziki. Je, pana uhusiano gani kati ya mambo haya mawili?

Uhusiano upo, tena ni wa karibu kuliko unavyodhaniwa. Hoja ya makala haya ni kwamba uimbaji wa Kilutheri ulizaliwa ukisimulia habari za mashahidi, kisha ukaiacha kazi hiyo njiani. Kwamba Kyagambiddwa, bila kuwa wa kwetu, aliishika kazi tuliyoiacha. Na kwamba kwaya za Mpanda, zinazoishi katikati ya habari nzito za imani na mateso, hazina budi kuirudia kabla wanaozikumbuka habari hizo hawajaondoka wote.

2. Oratorio na opera

Kwa kuwa istilahi hizi ni ngeni kwa wengi wetu, yafaa zielezwe kwanza. Opera ni tamthiliya inayoimbwa: wahusika huvaa mavazi yao, huingia jukwaani, na maneno yao huyaimba badala ya kuyasema. Oratorio ni ndugu yake. Nayo ina wahusika, ina msimulizi na kundi la waimbaji, lakini kwa kawaida haina mavazi wala matendo ya jukwaani, na habari yake aghalabu hutoka katika Maandiko au katika maisha ya waamini. Aina zote mbili zilichipuka Italia karibu na mwaka 1600, na jina la oratorio latokana na nyumba ya sala ya Filippo Neri huko Roma, ambamo watu walikusanyika kuomba na kusikiliza masimulizi ya imani yakiimbwa.

Mpaka kati ya aina hizi haukuwa mgumu kamwe. George Frideric Handel, aliyezaliwa Halle mwaka 1685 na kubatizwa katika Kanisa la Kilutheri, alikuwa mpiga kinanda hodari na mtunzi wa opera kwa miaka mingi kabla hajaigeukia oratorio. Kazi yake ya Messiah, iliyoimbwa kwa mara ya kwanza Dublin mwaka 1742, ni tunda la mtu aliyejifunza jukwaani namna ya kumfanya mhusika aishi kwa sauti peke yake. Kwa hiyo tunapomsoma Kyagambiddwa hatusomi mtunzi wa tenzi za ibada tu. Tunamsoma mtu aliyejaribu kuibeba habari nzima, yenye mwanzo, mwendo na mwisho, juu ya mabega ya waimbaji.

3. Mtunzi na kazi yake

Kyagambiddwa alijulikana kwanza kama mwanachuoni wa muziki wa kwao. Mwaka 1955 kitabu chake kuhusu muziki wa Buganda kilichapishwa New York. Humo alieleza mpangilio wa muziki wa Kiganda na kuandika kwa nota makumi ya nyimbo za marimba, nyingi zikiwa zimefungamana na historia ya ufalme. Wataalamu waliomfuata, miongoni mwao Gerhard Kubik, walilazimika kuipitia kazi hiyo walipotaka kuuelewa muziki wa ikulu ya Kabaka.

Marimba hayo huitwa amadinda. Yana vipande 12 vya mti, na wapigaji wake ni watatu. Wa kwanza hupiga mfululizo wake kwa mwendo sawa. Kazi yake huitwa okunaga. Wa pili huingiza mapigo yake katika nafasi zilizoachwa na wa kwanza. Hii huitwa okwawula. Wa tatu husikiliza yanayotokea kati yao na kuyarudia kwenye vipande viwili vya juu, kazi iitwayo okukoonera. Msikilizaji husikia tuni ambayo hakuna hata mmoja wa wapigaji anayeipiga peke yake. Mtu aliyelelewa katika muziki wa namna hii hawezi kufikiri kwamba kwaya ni sauti ya kwanza inayosindikizwa na nyingine tatu. Kwake, maana huzaliwa katika kukutana kwa sauti.

Basi ilipofika mwaka 1964, Kanisa Katoliki lilipojiandaa kuwatangaza mashahidi 22 wa Uganda kuwa watakatifu, Kyagambiddwa alikuwa tayari. Oratorio yake ilitolewa Roma mwaka huohuo, ambamo Papa Paulo VI aliwatangaza mashahidi hao tarehe 18 Oktoba. Maneno yake ni ya Kiganda. Uimbaji wake unafuata desturi ya Kiganda ya kiongozi kuanza na wengi kuitikia, na ngoma, ambayo wamisionari wengi wa kwanza waliiona kuwa chombo cha upagani, imepewa nafasi yake ya heshima.

Wakati huo ulikuwa wa mageuzi. Hati ya Mtaguso wa Pili wa Vatikano kuhusu liturgia, iliyotolewa Desemba 1963, iliagiza kwamba muziki wa watu wa nchi za misioni uheshimiwe na upewe nafasi katika ibada. Hapa kwetu Tanzania padre Stephen Mbunga alikuwa amekwisha kutunga Misa Baba Yetu mwaka 1959, na kuandika kitabu juu ya sheria ya Kanisa na muziki wa Kibantu, kilichotoka mwaka 1963. Upande wetu wa Kilutheri, Howard Olson wa Makumira alikusanya tuni za makabila mbalimbali na kuzitia maneno ya Kikristo. Mkusanyiko wake Tumwabudu Mungu Wetu ulitoka mwaka 1968 na ungali unatumika. Hata hivyo ni lazima tuone tofauti. Mbunga alitunga Misa, ambayo maneno yake yamekwisha kupangwa. Olson alikusanya tenzi fupi za kuimbwa na usharika. Kyagambiddwa alisimulia habari ya watu waliokuwa na majina, ukoo na tarehe ya kufa.

Uganda haikuishia hapo. Byron Kawadwa, mwandishi na mwongozaji wa michezo ya kuigiza, alishirikiana na mtunzi Wassanyi Serukenya katika tamthiliya za Kiganda zinazoimbwa, ambazo zaweza kuitwa opera bila kutia chumvi. Mojawapo, Oluyimba lwa Wankoko, ilipelekwa Lagos mwaka 1977 katika tamasha kuu la sanaa za watu weusi. Mwaka huohuo, baada ya kurudi nyumbani, Kawadwa aliuawa chini ya utawala wa Idi Amin. Na ndio mwaka ambao Askofu Mkuu Janani Luwum aliuawa, mwezi Februari. Watawala huelewa haraka kuliko wachungaji kwamba wimbo unaosimulia una nguvu kupita wimbo unaosifu tu.

4. Lugha na tuni

Fundisho la kwanza la Kyagambiddwa ni la kiufundi, lakini matokeo yake ni ya kitheolojia. Kiganda ni lugha ya toni: neno likipandishwa au kushushwa pasipo mahali pake, maana hubadilika au hupotea. Mtunzi aliyeijua lugha yake vizuri hawezi kuchukua tuni ya Ulaya na kuiwekea maneno ya Kiganda bila kuyaumiza. Ni lazima tuni izaliwe kutoka katika usemi wenyewe. Ndivyo alivyofanya Kyagambiddwa, na ndiyo sababu Mganda asiyejua kusoma nota aweza kuelewa kila neno linaloimbwa.

Je, sisi tunaoimba kwa Kiswahili tumesalimika? Kiswahili hakina toni, lakini kina mkazo, nao hukaa karibu daima katika silabi ya pili kutoka mwisho. Mfano unaojulikana ni neno barabara: mkazo ukiwa katika silabi ya pili, maana yake ni sawasawa au vizuri, ukiwa katika silabi ya tatu, ni njia kuu. Sasa tuchukue tenzi za Kijerumani, ambazo nyingi huanza kwa pigo jepesi kabla ya pigo zito. Mfasiri aliyehesabu silabi tu, bila kupima mkazo, humlazimisha mwimbaji kusema bwaNA badala ya BWAna, na yeSU badala ya YEsu. Mazoea yametuzibia masikio, tukadhani kuwa huo ndio Kiswahili cha kanisani. Mtoto asikiaye kwa mara ya kwanza hajazoea, naye huimba maneno asiyoyatambua.

Mpanda jambo hili ni zito zaidi. Katika usharika mmoja waweza kumkuta Mbende, Mpimbwe, Mfipa, Mkonongo, Msukuma aliyehamia na ng'ombe wake, na mwenye asili ya Burundi aliyekulia Katumba au Mishamo. Kisukuma na Kirundi ni lugha za toni, kama kilivyo Kiganda. Kwaya inapojaribu kuimba utenzi wa Ulaya kwa Kirundi, pengine hupotosha maana pasipo kukusudia. Na wimbo wa Kirundi uliotungwa nyumbani, kwa tuni iliyotoka katika usemi, humgusa bibi kizee moyo kwa sababu ameelewa kila neno. Si suala la ladha au la fahari ya kabila. Kanisa letu lafundisha kwamba imani huja kwa kusikia. Basi tuni inayozuia neno lisisikike ina kosa la kuhubiri kabla haijawa na kosa la muziki.

Hata hivyo haki itendeke. Mapokeo ya Kianglikana ya Uganda yanasimulia kwamba vijana wa kwanza waliouawa kwa ajili ya imani, tarehe 31 Januari 1885, walikufa wakiimba utenzi uliotafsiriwa kutoka Kiingereza. Utenzi wa kigeni ulitosha kuwavusha motoni. Kwa hiyo tusidharau urithi wa tafsiri. Tuseme tu kwamba waliokufa waliimba utenzi waliopewa, na waliobaki wana wajibu wa kutunga wimbo unaowasimulia.

5. Swali la Kilutheri

Hapa mwanafunzi wa theolojia atainua mkono na kuuliza: je, oratorio juu ya watakatifu ina nafasi katika Kanisa la Matengenezo? Si tutarudi kwenye kuwaomba watakatifu?

Jibu limo katika Ungamo la Augsburg la mwaka 1530, kifungu cha 21. Kifungu hicho hakifuti kumbukumbu ya watakatifu. Kinafundisha kwamba yafaa wakumbukwe, ili imani yetu iimarishwe tuonapo jinsi walivyopata neema na kusaidiwa kwa imani, na ili matendo yao yawe kielelezo kwa kila mtu katika wito wake. Kinachokataliwa ni kuwaomba watakatifu au kutafuta msaada kwao, kwa maana mpatanishi ni mmoja, Kristo. Kwa kipimo hiki, oratorio ya shahidi yaweza kuwa halali kabisa, mradi wimbo uelekezwe kwa Mungu aliyemshika shahidi na usielekezwe kwa shahidi kama mwombezi. Mlutheri atakayeimba kazi ya Kyagambiddwa atapaswa kuipitia kwa kipimo hicho, na patakuwapo mahali ambapo dhamiri yake itanyamaza. Hilo halimzuii kujifunza.

Tena tunayo historia ambayo wengi wetu tumeisahau. Tarehe 1 Julai 1523 watawa wawili wa Kiagustino, Hendrik Vos na Johannes van Esschen, walichomwa moto Brussels kwa kukataa kuikana Injili. Habari ilipomfikia Martin Luther, alitunga wimbo. Si zaburi na si sala, ni masimulizi. Wimbo huo wawataja vijana hao na mji wao, waeleza mabishano yao na wanatheolojia wa Louvain, wafuata mwendo wao mpaka motoni, na hatimaye wasema kwamba waliowaua hawawezi kuinyamazisha habari yenyewe. Wanahistoria wengi wauhesabu kuwa wimbo wa kwanza wa Luther. Ngome imara, wimbo tunaouimba kila Sikukuu ya Matengenezo, ulikuja baadaye.

Fikirini jambo hili, wachungaji wenzangu. Kanisa linaloitwa la waimbaji lilianza kuimba kwa kusimulia habari za vijana wawili waliochomwa moto. Miaka 363 baadaye, tarehe 3 Juni 1886, vijana wengine walichomwa moto Namugongo kwa amri ya Kabaka Mwanga. Aliyewaimba kwa namna ya Luther hakutoka kwetu.

Mapokeo yetu yana hazina nyingine inayohusika, nayo ni Mateso ya Johann Sebastian Bach: Mateso kwa kadiri ya Yohana ya mwaka 1724, na ya Mathayo ya mwaka 1727. Bach hakutunga opera hata moja, lakini katika kazi hizi Pilato anaimba, Petro anaimba, na umati unaimba ukidai Yesu asulubiwe. Umati huo huimbwa na nani? Na kwaya ileile ambayo, dakika chache baadaye, huimba utenzi wa toba wa Kanisa. Hakuna kwaya ya wabaya upande wa kushoto na kwaya ya wema upande wa kulia. Wanaopiga kelele za kuua na wanaolia kwa toba ni watu walewale, kwa vinywa vilevile. Hilo ni fundisho la Mlutheri juu ya mwanadamu, mwenye haki na mwenye dhambi kwa wakati mmoja, limewekwa katika mpangilio wa waimbaji.

6. Upungufu wa kazi ya Kyagambiddwa

Kwa kipimo hicho cha Bach ndipo upungufu wa Kyagambiddwa unapoonekana. Kazi yake iliandikwa kwa ajili ya sikukuu, na sikukuu ina masharti yake. Waliotangazwa Roma walikuwa 22, wote Wakatoliki. Lakini moto wa Namugongo haukuuliza mtu amebatizwa na nani. Waanglikana na Wakatoliki walichomwa pamoja, na wengine wa Kanisa la Anglikana walikwisha kuuawa kabla. Papa Paulo VI mwenyewe, katika mahubiri yake siku ile, aliwakumbuka Waanglikana waliokufa kwa jina la Kristo. Oratorio inayofuata orodha ya watakatifu waliotangazwa hubeba pia mpaka wa orodha hiyo. Shahidi anayeimbwa na Kanisa moja pekee amegawanywa mara ya pili.

Upungufu mwingine ni upande wa pili wa sifa yake. Kwa kuwa tuni imezaliwa kutoka Kiganda, haiwezi kuhamishwa. Atakayeitafsiri kwa Kiswahili atarudia kosa lilelile la wafasiri wa tenzi za Kijerumani, akiufunga usemi wetu katika toni za Buganda. Hivyo kwaya ya Mpanda haiwezi kuiazima kazi ya Kyagambiddwa hata ikitaka. Inaweza kuazima njia yake tu: kusikiliza usemi wa watu, kuchagua habari ya kweli, kuigawa kwa waimbaji, na kuiandika.

Neno hilo la mwisho, kuiandika, lastahili kusisitizwa. Kama Kyagambiddwa asingaliandika nota, tungalijua kuwa aliwahi kuimba, basi. Watunzi wa Uganda waliomfuata walikuwa na kitu cha kufuata na kubishana nacho. Justinian Tamusuza, kwa mfano, mwaka 1988 alitunga kwa ajili ya vinanda vinne vya nyuzi kazi ambayo jina lake la Kiganda lina maana ya Katika Njia ya Msalaba, na kundi la Kronos la Marekani likairekodi katika albamu yake ya mwaka 1992. Mti huu una mizizi iliyoandikwa.

7. Habari za Katavi zinazongoja

Sasa tugeukie kwetu. Msafara wa kwanza wa Wamisionari wa Afrika, maarufu kwa jina la Mapadre Weupe, uliondoka Bagamoyo mwaka 1878. Ulipofika Tabora uligawanyika: kundi moja likaelekea Buganda, na jingine likaelekea Ziwa Tanganyika. Kundi la kwanza ndilo lililowabatiza wale ambao Kyagambiddwa aliwaimba. Kundi la pili ndilo chanzo cha misioni ya Karema, katika ngome iliyojengwa na Wabelgiji mwaka 1879 na kukabidhiwa kwa wamisionari mwaka 1885. Karema leo imo katika mkoa wa Katavi, uliomegwa kutoka Rukwa mwaka 2012. Kwa hiyo Ukristo wa Buganda na Ukristo wa mwambao wetu ni ndugu wa msafara mmoja. Kwa nini ndugu mmoja awe na oratorio na mwingine asiwe na chochote?

Haiwezekani kuwa ni kwa kukosa habari. Mwaka 1889 alifika Karema kijana aliyeitwa Adriano Atiman. Alizaliwa katika nchi ya mto Niger, akatekwa na kuuzwa utumwani akiwa mtoto, akakombolewa na wamisionari, na kusomeshwa uganga wa kitabibu katika kisiwa cha Malta. Alikaa Karema akitibu wagonjwa na kufundisha dini mpaka alipofariki mwaka 1956, zaidi ya miaka 60. Mtumwa aliyeuzwa akageuka kuwa mponyaji wa watu wasio wa kabila lake: ni habari ya Yusufu imesimuliwa tena kando ya Ziwa Tanganyika. Alikuwa Mkatoliki, ni kweli. Kifungu cha 21 hakituzuii kumshukuru Mungu kwa ajili yake, na kwaya ya Kilutheri ikimwimba Atiman itakuwa imetenda kile ambacho oratorio ya mwaka 1964 haikukitenda, yaani kuvuka mpaka wa Kanisa kumfuata shahidi wa Kristo.

Habari ya pili ni nzito zaidi, na lazima isemwe kwa tahadhari. Mwaka 1972 maelfu ya Wahutu waliyakimbia mauaji ya Burundi. Wengi wao waliletwa katika nchi hii ya misitu, wakafungua makazi ya Katumba, na mwishoni mwa miaka ya 1970 makazi ya Mishamo. Baada ya miaka mingi Serikali ya Tanzania iliwapa uraia zaidi ya watu 160,000 wa makazi ya Katumba, Mishamo na Ulyankulu. Uamuzi ulifikiwa mwaka 2010, na vyeti vikaanza kutolewa kwa wingi mwaka 2014. Waliofika wakiwa watu wazima wamebaki wachache. Waliobebwa mgongoni wana zaidi ya miaka 50.

Makazi haya yanaimba. Lakini nyimbo nyingi za kwaya zetu, za huko na za mjini, husema kwa nafsi ya kwanza wingi: sisi tunakushukuru, sisi tunasafiri, sisi tutafika. Ni maneno mema. Ila nafsi hiyo haiwezi kumtaja aliyebaki nyuma, wala aliyemficha jirani, wala aliyeshika panga. Kumbukumbu inayokosa mahali katika wimbo haifi, huhamia kwingine. Liisa Malkki, aliyefanya utafiti Mishamo katikati ya miaka ya 1980 na kuchapisha kitabu chake mwaka 1995, alionyesha jinsi wakimbizi walivyoisimulia historia yao kama fundisho la wema na uovu, ambamo taifa moja lilikuwa safi na jingine lilikuwa adui wa asili. Wachungaji wanaohudumu huko wanafahamu kwamba masimulizi ya namna hii huweza kurithishwa kwa mjukuu ambaye hajawahi kuiona Burundi.

Hapa ndipo lilipo jambo la kuogopwa. Kama habari ya 1972 isipoimbwa, itafifia au itageuka sumu katika ukimya. Ikiimbwa kwa namna ya ushindi, kwaya ikawa upande wa wasio na hatia peke yao, itakuwa wimbo wa kisasi uliovikwa joho. Njia ya Kyagambiddwa peke yake haitoshi, kwa sababu wimbo wa sikukuu hauwezi kubeba swali la muuaji. Njia ya Bach peke yake haitoshi pia, kwa sababu Kijerumani chake na nota zake si usemi wa Katumba. Zote mbili zikikutana, huenda tukapata kilicho chetu: usemi na tuni za watu wenyewe, kwa njia ya yule Mganda, na kwaya moja inayokubali kuimba sauti ya umati kabla ya kuimba toba, kwa njia ya Mateso. Aliyeimba kwa kinywa chake kelele za kutaka mtu auawe hatasema kwa urahisi kwamba uovu ni wa kabila jingine.

8. Hitimisho

Kazi hii haihitaji jumba wala piano kubwa. Kwaya zetu zimekwisha kuzoea maigizo ya Krismasi na Pasaka; zimezoea kiongozi kuanza na wengi kuitikia; zina walimu wanaosoma sol-fa, na vijana wanaorekodi kwa simu. Kinachokosekana ni mambo mawili, yote ya kiroho kabla hayajawa ya muziki. La kwanza ni uvumilivu wa kuketi na wazee na kuandika habari zao kama walivyozisema, kwa ridhaa yao, bila kutaja hadharani jina la mtu asiyetaka. La pili ni nidhamu ya kuandika wimbo wenyewe. Mwalimu wa kwaya akihamishwa au akifariki, nyimbo zake huondoka naye, na sauti iliyorekodiwa haimwonyeshi mwanafunzi jinsi sauti ya tatu ilivyopita. Vyuo vyetu vya theolojia vingefanya vema kumtaka kila mwanafunzi anayeandaliwa kwa uchungaji aweze angalau kuandika tuni kwa sol-fa na kupima mkazo wa Kiswahili chini yake.

Mwandishi wa Zaburi ya 78 aliwaagiza wazazi wasiwafiche watoto mambo waliyoyasikia kwa baba zao. Na zaburi hiyo, tukiisoma mpaka mwisho, haifichi uasi wa baba hao hao. Ni wimbo unaosimulia, wenye aibu na neema ndani yake. Kyagambiddwa aliuelewa wajibu huo kwa ajili ya Buganda, akautimiza kwa kiasi chake, akaacha karatasi nyuma. Katika Waraka kwa Waebrania, sura ya 11, mwandishi anakiri kwamba muda ungempungukia akijaribu kuwataja wote. Wazee wa Katumba na wa Karema nao muda unawapungukia, na kazi ya kuwaandika ni ya mwalimu wa kwaya na mchungaji wake, mwaka huu.